Shahidi Asiyekumbuka: Kisa cha Susannah Cahalan

Mwaka 2009, mhariri wa toleo la Jumapili la gazeti la New York Post alimtaka ripota wake mmoja, aliyekuwa ametoka kuugua, aandike yaliyomkuta. Ripota huyo, Susannah Cahalan, alikuwa na miaka 24. Gazeti lenyewe ni la matukio na udaku, lenye vichwa vya habari vinavyopiga kelele, na Cahalan alikuwa amelizoea tangu alipoingia kujifunza kazi akiwa na miaka 17. Kuandika haraka hakukumtisha. Lililomtisha ni kwamba mwezi aliotakiwa kuusimulia haukuwamo kichwani mwake. Siku zote zile alikuwa hospitalini, macho wazi, akisema, akipiga kelele, akijaribu kutoroka, na karibu yote yalikuwa yamefutika. Shahidi mkuu wa habari alikuwa yeye mwenyewe, na shahidi huyo hakuwa na ushahidi wa kutoa.

Waandishi wengi wa habari za akili na afya huingia kwenye fani kwa mlango wa mbele: shahada ya biolojia au saikolojia, mafunzo ya uandishi wa sayansi, kisha dawati la afya. Cahalan aliingia akiwa mgonjwa wa wodini. Ugonjwa wenyewe umesimuliwa mara nyingi na hata kuigizwa kwenye filamu, kwa hiyo sitaukalia sana. Ninachotaka kukifuata ni tabia moja ya kazi aliyoipata kwa sababu ya ugonjwa huo, tabia ya kumtilia shaka msimulizi anayeeleweka vizuri mno, akianzia na nafsi yake. Tabia hiyo ilimpa jina. Miaka kumi baadaye ikamfanya aibomoe hadithi aliyokuwa akiipenda.

Yalianza na kunguni. Aliona alama mbili kwenye mkono wa kushoto, akaamini chumba chake kimevamiwa. Akamwita fundi wa kupulizia dawa. Fundi akakagua godoro na kuta, hakuona kitu, akasema hakuna kunguni. Cahalan akashikilia apulizie tu. Siku zilizofuata alianza kupekua barua pepe za mpenzi wake, jambo ambalo halikuwa desturi yake. Upande wa kushoto wa mwili ukawa unakufa ganzi. Kazini analia, baada ya muda mfupi anacheka. Mataa ya matangazo ya Times Square, ambayo mkazi wa New York hupita bila hata kuyatazama, yakawa yanamchoma macho. Halafu usiku mmoja mwili ukakakamaa, mikono ikanyooka, damu na povu vikamtoka katikati ya meno. Kifafa, kwa mtu ambaye hajawahi kuwa nacho.

Daktari wa mishipa ya fahamu aliyemwona mwanzoni alisoma picha iliyokuwa mbele yake kama watu wengi wangeisoma: msichana wa mjini, kazi nyingi, usingizi kidogo, pombe kupita kiasi. Apumzike, aache kunywa. Ni utambuzi unaoeleweka, na ndiyo hatari yake. Kila dalili ilipata mahali pa kukaa. Huku kwetu tungempa maelezo mengine yanayokaa vizuri vilevile. Mtu akianza kuweweseka mchana, neno la kwanza ni kwamba malaria imempanda kichwani, la pili ni kwamba kapandisha mashetani, la tatu kuna mtu kamchezea. La kwanza, angalau, lina kipimo. Haya mengine mawili hayana, na ndiyo maana hayashindwi kamwe.

Wazazi wake walikuwa wameachana siku nyingi na hawakuwa na mazungumzo mazuri, lakini katika hili walisimama pamoja: mtoto alazwe mahali ubongo wake utakapopimwa, si mahali pa kutulizwa tu. Akalazwa katika hospitali ya Chuo Kikuu cha New York, wodi ya wagonjwa wa kifafa, chini ya kamera zinazorekodi saa zote. Alikaa siku 28. Ndani ya siku hizo aliamini baba yake si baba yake bali mtu aliyejifanya yeye. Aliamini anaweza kumzeesha mtu kwa kumtazama. Alijaribu kutoroka hadi akavishwa utepe mkononi unaowatahadharisha wahudumu. Kisha mbio zikaisha, likaja jambo baya zaidi: ukimya. Akawa anakaa mikono imekakamaa mbele yake, maneno hayatoki, ulimi unazunguka mdomoni.

Vipimo vilikuwa vinarudi safi. Picha za ubongo hazikuonyesha kitu, damu haikuonyesha kitu. Majibu ya skizofrenia, ugonjwa wa akili unaomfanya mtu asikie na kuamini yasiyokuwepo, na sonona inayoyumba kati ya furaha na huzuni yalianza kutajwa. Kilichosema neno ni maji ya uti wa mgongo. Kwa kawaida chembe nyeupe ndani yake hazizidi tano kwa kila mikrolita. Mara ya kwanza zilikutwa 20, mara ya pili 80. Mwili ulikuwa unapigana na kitu, ila hakuna aliyejua kitu gani.

Hapo ndipo alipoitwa Dkt. Souhel Najjar, daktari aliyezaliwa Syria. Alimpa mgonjwa karatasi na kalamu, akamwambia achore saa. Kipimo hiki hakina gharama. Hutumika kwa wazee wanaoanza kusahau na kwa watu waliopata kiharusi, na kinaweza kufanyika kwenye zahanati ambayo haina hata umeme. Cahalan alichora duara, akaziweka tarakimu zote, kuanzia 1 hadi 12, zikasongamana upande wa kulia. Upande wa kushoto wa saa ulikuwa mweupe kabisa. Kwake yeye upande huo haukuwapo.

Maana yake ni hii. Nusu ya kulia ya ubongo ndiyo inayoangalia sana mambo ya upande wa kushoto, mwili na mazingira. Nusu hiyo ikiumia, mtu haoni kwamba kushoto kuna pengo. Ganzi ya mkono wa kushoto, mguu wa kushoto, na sasa saa isiyo na kushoto: zote zilielekeza kidole mahali pamoja. Skizofrenia haichagui upande. Najjar aliwaambia wazazi kwamba ubongo wa binti yao unawaka moto, akaagiza kipande kidogo sana kikatwe kwenye ubongo kikachunguzwe, na sampuli zikapelekwa Chuo Kikuu cha Pennsylvania kwa Dkt. Josep Dalmau.

Ugonjwa aliokutwa nao Cahalan, Dalmau na wenzake walikuwa wameueleza mwaka 2007 tu, miaka miwili kabla. Kinga ya mwili hutengeneza kingamwili zinazoshambulia vipokezi vya NMDA, ambavyo seli za ubongo huvitumia kupokeana ujumbe, hasa katika kujifunza na kukumbuka. Kingamwili zikivishika, seli huvimeza vipokezi hivyo kutoka juu ya ngozi yake, na mawasiliano yanakatika. Anayetaka kuelewa kwa nini hali hii hufanana na wazimu aikumbuke ketamini, dawa ya usingizi inayofahamika vizuri kwenye vyumba vya upasuaji vya hospitali zetu za wilaya. Ketamini huziba vipokezi hivyohivyo. Wauguzi wanajua wagonjwa wanavyosema wanapozinduka nayo. Sasa fikiria mwili wenyewe unatengeneza kitu chenye kazi kama hiyo, usiku na mchana, kwa wiki kadhaa. Kwa wanawake wengi chanzo huwa uvimbe kwenye ovari. Kwa Cahalan hakuna uvimbe uliopatikana. Alikuwa mtu wa 217 kutambuliwa duniani. Najjar alikadiria wakati ule kwamba karibu asilimia 90 ya wenye ugonjwa huu walikuwa hawatambuliwi.

Alitibiwa kwa steroidi, kwa kingamwili za kuongezewa, na kwa kuchuja plazma ya damu ili kuziondoa zile zinazoshambulia. Gharama ilifika karibu dola milioni 1 za Marekani, na bima ilibeba sehemu kubwa. Akapona, si kwa siku moja. Kwa miezi alizungumza polepole, alisoma bila kushika, na watu wa karibu walikuwa wanamtazama kwa jicho la wasiwasi. Kisha akarudi gazetini, na mhariri akamwambia aandike.

Hapa ndipo kazi yake ya sayansi ilipoanza, ingawa hakuna aliyeiita hivyo.

Njia nyepesi ilikuwepo. Mgonjwa aliyepona ana haki ya kusema "nilihisi", "niliona", na msomaji hamdai risiti. Cahalan hakuitumia, kwa sababu alikuwa hajui alihisi nini. Ikabidi ajiripoti kama angemripoti mtu wa kesi ya polisi. Aliomba faili lake lote la hospitali, kurasa kwa maelfu. Aliwahoji madaktari, wauguzi, mpenzi wake, wafanyakazi wenzake. Aliipata shajara ya baba yake. Alipata pia daftari moja ambalo wazazi wake walikuwa wakiachiana wodini. Mmoja akiondoka anaandika hali ya mtoto, mwingine akija anasoma na kuendeleza, maana ana kwa ana hawakuweza. Huwa nadhani daftari lile lingetosha kuwa kitabu peke yake. Kisha akaziangalia video za wodini. Alimwona msichana aliyekonda, macho yamemtoka, anafanya mambo ambayo hayamo kwenye kumbukumbu yake yoyote, na alipomwandika alimwandika kama mtu wa tatu.

Kulikuwa na mtego mwingine. Vipande vichache alivyokumbuka vilikuwa wazi kabisa, na kati ya hivyo vingine havikuwahi kutokea. Njozi zilikuwa zimejikita kuliko mambo ya kweli. Aliyesoma kitabu chake cha kwanza, Brain on Fire, cha mwaka 2012, ataona anavyoliweka jambo hili mezani mapema, akiainisha yanayotoka kwenye kumbukumbu, yanayotoka kwenye faili, na yanayotoka kwa mashahidi. Nimesoma kumbukumbu nyingi za wagonjwa wa akili waliopona. Ni chache zinazomtilia shaka mwandishi wake kiasi hicho. Wengi wetu hudhani kukumbuka kitu kwa uwazi ni dalili kwamba kilikuwepo. Ubongo wa Cahalan ulimwonyesha kinyume, na ripota ndani yake akalishika somo hilo kwa mikono miwili.

Makala ya gazetini na baadaye kitabu vilifanya jambo ambalo jarida la tiba lisingefanya kwa kasi ile. Watu walipeleka makala ile kwa madaktari wa watoto wao. Jamaa waliokuwa wameambiwa ni skizofrenia wakaomba maji ya uti wa mgongo yapimwe. Wapo waliopona kwa sababu mzazi alisoma gazeti la Jumapili. Mwandishi wa habari za afya huweza kufanya kazi maisha yake yote bila kupata matokeo kama hayo. Cahalan aliyapata na makala yake ya kwanza kabisa ya aina hiyo, na ni rahisi sana mtu kuishia hapo: kuzunguka na kuhutubia, kuwa uso wa ugonjwa mmoja.

Alizunguka kweli. Na katika hotuba moja, kwenye hospitali ya magonjwa ya akili, alisikia habari ya mgonjwa wa hospitali hiyohiyo, msichana wa rika lake, mwenye dalili zinazofanana na zake. Naye alikuwa ameandikwa skizofrenia. Alipimwa, ikaonekana ni ugonjwa uleule. Tofauti ni kwamba yeye alikuwa amekaa miaka miwili bila kutambuliwa, na ubongo ulikuwa umeshaharibika kiasi cha kutorudi ulivyokuwa. Cahalan anamwita taswira yake ya kwenye kioo. Kuanzia hapo swali lake likageuka. Si tena "nilipatwa na nini", bali "wanajuaje?" Daktari wa akili anajuaje kwamba mtu huyu ana ugonjwa huu na si ule, wakati hana damu ya kupima wala picha ya kuangalia?

Swali hilo lilikuwa na hadithi yake maarufu, na madaktari aliokutana nao ndio waliomsimulia.

Tarehe 19 Januari 1973, jarida la Science lilichapisha ripoti ya David Rosenhan, mwanasaikolojia wa Chuo Kikuu cha Stanford. Watu 8 wenye akili timamu, yeye akiwemo, walikwenda kwenye hospitali 12 za magonjwa ya akili katika majimbo matano ya Marekani. Walisema jambo moja tu la uongo, mbali na majina na kazi zao: kwamba wanasikia sauti, zinazotamka maneno kama "tupu" na kitu kama kishindo. Wote walilazwa. Wote isipokuwa kwa kulazwa mara moja waliandikwa skizofrenia. Wakishaingia waliacha kujifanya, wakaishi kawaida, lakini hakuna mhudumu aliyegundua. Walikaa kati ya siku 7 na 52, wastani siku 19, wakaruhusiwa na cheti kinachosema skizofrenia imetulia. Mmoja wao alipokuwa akiandika madokezo yake, muuguzi alijaza kwenye faili kwamba mgonjwa ana tabia ya kuandika. Waliowashtukia ni wagonjwa wenyewe: katika kulazwa kwa mara tatu za kwanza, wagonjwa 35 kati ya 118 walisema waziwazi kwamba huyu si mgonjwa, huyu ni mwandishi wa habari au profesa anayekagua hospitali.

Ni hadithi tamu. Ina wakubwa wanaoumbuka na wadogo wanaoona. Ilifundishwa kwenye vitabu vingi vya saikolojia. Na ilikuwa na wajukuu: hospitali kubwa za akili za Marekani zilikuwa tayari zinapunguzwa, kutoka kilele cha wagonjwa karibu 559,000 mwaka 1955, na ripoti hii iliwapa waliotaka kuzifunga silaha safi. Robert Spitzer, daktari aliyeipinga kwa ukali, ndiye aliyesimamia mwongozo mpya wa utambuzi uliotoka mwaka 1980, wenye orodha za dalili za kuhesabu, ili madaktari wawili wakimwona mgonjwa mmoja waandike jina moja. Mwingine aliyepinga, Seymour Kety, alitoa mfano ambao mpaka leo sijasikia ukijibiwa vizuri: ningekunywa damu kimyakimya, kisha nikaenda hospitali nikaitapika mbele ya daktari, naye akaniandika vidonda vya tumbo, ningekuwa nimethibitisha kwamba udaktari haujui vidonda vya tumbo?

Cahalan aliipenda hadithi hiyo kuliko mtu yeyote. Ilikuwa yake. Yeye naye alibandikwa jina lisilo lake, naye aliona lilivyo gumu kubanduka. Watu wa Tanzania wanajua uzito wa neno Mirembe, hospitali ya magonjwa ya akili ya Dodoma, likitajwa kwa mzaha tu. Mtu akishasemwa ametoka huko, hata akipiga chafya inatafsiriwa. Ndilo alilosema Rosenhan kwa lugha ya jarida. Kwa hiyo Cahalan alianza utafiti wake akiwa shabiki. Alitaka kuwapata wale watu 8 na kuwasikiliza.

Rosenhan alikuwa amefariki mwaka 2012. Aliacha mafaili, na kati yake sura za kitabu alichoahidi kuandika na hakukimaliza, hata shirika la uchapishaji likamfungulia kesi kudai malipo ya awali. Marafiki wa marehemu walimfungulia Cahalan makaratasi hayo. Kwa kanuni za ripota wa matukio, akaanza na mtu mmoja ambaye jina lake lilijulikana: Rosenhan mwenyewe, aliyelazwa Februari 1969 katika hospitali ya Haverford, Pennsylvania, kwa jina la David Lurie. Akalitafuta faili la David Lurie. Akalipata.

Faili na ripoti havikulingana. Katika ripoti, wagonjwa bandia walisema wanasikia sauti chache, basi. Katika faili, bwana Lurie alimweleza daktari kwamba anapokea mawimbi ya redio, kwamba anasikia watu wanachofikiri, kwamba amejaribu kufunika masikio kwa vyungu vya shaba kuzuia kelele. Na kwamba amewaza kujiua, kwa kuwa watu wangekaa vizuri zaidi asipokuwepo. Daktari anayemruhusu mtu wa namna hiyo arudi nyumbani ndiye angestahili kuandikwa kwenye jarida. Kumlaza hakukuwa upofu. Ilikuwa kazi yake.

Kwa maoni yangu hapa ndipo kipaji cha Cahalan kinapoonekana kuliko mahali popote kwenye kitabu cha kwanza, kwa sababu hapa alikuwa na kila sababu ya kulifunga faili. Msimulizi alikuwa upande wake. Lakini alikuwa ameshajifunza kwa gharama kubwa kwamba simulizi inaweza kuwa wazi, ya kweli moyoni mwa anayeisimulia, na bado isilingane na video. Akaendelea kuchimba, miaka kadhaa. Kitabu alichotoa mwaka 2019, The Great Pretender, kimejaa vituo visivyokuwa na treni: majina bandia yasiyofumbuliwa, hospitali zilizofungwa na kumbukumbu zilizotupwa, watu waliodhani wanamfahamu mchoraji au mama wa nyumbani aliyetajwa kwenye ripoti, kumbe hawamfahamu. Wahariri wengi wangemwambia akate sehemu hizo. Mimi ningeziacha kama zilivyo. Ripota anayeonyesha milango aliyogonga bila kufunguliwa anamwachia msomaji nafasi ya kumhukumu.

Kati ya wale 8, ukimwondoa Rosenhan, alimpata mmoja tu: Bill Underwood, aliyekuwa mwanafunzi wa uzamili Stanford na kulazwa katika hospitali ya Agnews, California. Waliobaki sita hakuwapata. Katika ukurasa hapa na pale anakaribia kusema hawakuwepo, kisha anajizuia. Wakosoaji wengine baada yake hawakujizuia. Mwanahistoria Andrew Scull aliandika mwaka 2023 kwamba huu ulikuwa udanganyifu wa kisayansi uliofanikiwa. Mimi nipo na Cahalan. Mtu asiyepatikana baada ya miaka 45 anaweza kuwa amekufa, ameolewa na kubadili jina, au amechoka kuulizwa. Faili la Lurie ni ushahidi. Kutowapata sita ni tuhuma, na ripota mzuri huiacha kwenye kikapu cha tuhuma hata ikimwasha vidole.

Wapo wanaomlaumu kwamba ameidhoofisha silaha ya wagonjwa. Nalielewa lalamiko lao. Hospitali za wakati ule zilikuwa mbaya kweli, na si Rosenhan wa kwanza kulisema: mwaka 1887 Nellie Bly alijifanya kichaa akakaa siku 10 kwenye hifadhi ya wanawake ya kisiwa cha Blackwell, New York, kwa ajili ya gazeti la New York World, na alichokiandika kilisababisha fedha zaidi zitengwe kwa ajili ya wagonjwa. Lakini Bly aliandika gazetini kama ripota, na wasomaji walijua ni jicho la mtu mmoja. Rosenhan aliweka asilimia na wastani, akaiita sayansi. Ukiweka namba, unakubali kuhesabiwa.

Na hesabu iliyoniuma zaidi ni ya mtu wa tisa. Chini ya ripoti ile ya mwaka 1973 kuna tanbihi fupi: mgonjwa bandia wa tisa alikuwepo, lakini takwimu zake zimeondolewa kwa sababu alidanganya baadhi ya mambo ya maisha yake, ikiwemo ndoa na uhusiano wake na wazazi. Kwa hiyo aliyefukuzwa kwa kuongeza chumvi alifukuzwa na mtu aliyemwambia daktari habari za vyungu vya shaba masikioni. Cahalan alimpata. Ni Harry Lando, wakati ule mwanafunzi, baadaye profesa Minnesota aliyejijengea jina katika utafiti wa kuwasaidia watu kuacha sigara. Alilazwa San Francisco. Alipoulizwa ilikuwaje mle ndani, hakuwa na kisa cha kuumbua mtu. Wahudumu walimjali. Alipumzika. Alikuwa kwenye kipindi kigumu cha maisha yake, na hospitali, alisema, ilimfanyia wema.